Pampu, Asubuhi ya Makete

Juni. Sakitu imeng'ata majani ya viazi,
baba anajaza upepo gurudumu la nyuma,
magunia mawili yakisubiri ukutani.
"Shika hapa." Nikashika kitako cha pampu:
kinaunguza!
Hakuna kaa, hakuna jua, ukungu tu
na mabega yake yakishuka, yakipanda, yakishuka.

Jioni nikamuuliza Atukuzwe wa kidato cha tano
moto ule uliingilia wapi.
Akachora silinda kwa mkaa sakafuni.
"Katika gesi kamilifu chembe hazijuani,
hazivutani, hazidaiani.
Nishati yake yote ya ndani ni mbio.
Ikandamize upesi, joto lisipate mlango,
na kazi ya mkono wako inageuka mbio;
mbio hizo ndizo jotoridi."

Na ukiiachia?

"Inajisukumia njia yenyewe,
gharama inatoa mfukoni mwake. Inapoa."

Nikatoka, nikabonyeza valvu.
Fyuuu! Vidole vikapigwa na baridi ya Kitulo.
(Kesho yake nilichapwa, na nilistahili.)

Ndani, baba alikuwa karudi toka Tandala,
kilima chote kaisukuma baiskeli kwa miguu,
hana neno, ugali umemngoja hadi umekauka juu.
Nikamshika kiganja.
Sikuhitaji silinda.

Mama akakivuta kigoda, bega likagusa bega,
na Atukuzwe, bila kuambiwa,
akaufuta mchoro kwa unyayo.