Tofali Hewani

Wiki nzima Nyemo alikuwa akifa.
Anakufa kwa njaa, anakufa shimoni,
anaungua, anazama, anarushiwa mishale na mifupa inayotembea,
kisha anafufuka kitandani mikono mitupu
na kuanza upya kukata mti kwa ngumi.
Mama yake akasema: mtoto yuko darasa la sita
lakini anachoka kama kibarua wa kokoto.

Jumamosi umeme ulirudi Nkuhungu saa mbili usiku.
Akanisogezea simu. "Baba, nimebadilisha.
Hii ni hali huru. Hufi, huishiwi, husikii njaa.
Bonyeza mara mbili, unapaa."

Mimi ni fundi. Miaka kumi na tisa nimeshika mwiko.
Nimepandisha kuta za ofisi kule Mtumba
ambazo leo mlinzi haniruhusu kuzisogelea.
Nyumba yangu mwenyewe imeishia kwenye linta
tangu Nyemo hajaota meno,
madirisha wazi, kama mtu aliyekatizwa kauli.
Nikauliza swali la fundi: mifuko mingapi?
Akacheka. "Baba, haihesabiwi."

Haihesabiwi.
Nikafungua ghala lao: dhahabu, almasi, vioo,
mawe ya rangi ambazo Mungu hakuzileta Dodoma,
kila kitu kwenye kijumba chake kama duka la dawa
na hakuna aliyesimama kaunta.
Nikaweka tofali. Nikaweka la pili juu yake.
Nikaondoa la chini, kwa kukosea,
na la juu likabaki pale pale.
Nilishtuka kama niliyeona maiti ameketi.
Sijawahi kuliogopa jengo
kama nilivyoliogopa tofali lile moja,
limetulia hewani, halina haya.

Basi nikapaa. Mzee mzima, nikapaa kwa kidole gumba
juu ya nchi ya pembe nne, chini ya jua la pembe nne,
nikatafuta mahali tambarare,
na vidole vyangu, bila kuniuliza,
vikachagua udongo.

"Baba! Dhahabu yote hiyo, unajenga tope?"
Nyamaza, mwanangu. Hapa ni Mvumi.
Hili ni tembe la bibi yangu Mbeho:
paa bapa la kuanikia uwele na mlenda,
kuta zinazozunguka ua, zizi katikati
ili usiku ulale ukisikia mali ikicheua.
Lilianguka mwaka wa elinino, upande baada ya upande,
sisi tumesimama na masufuria mikononi.
Humu halikunipa taabu hata kidogo.
Dunia yao yote ni pembe na bapa,
utadhani aliyeichora aliwahi kulala kwetu.

"Sasa ng'ombe," nikasema.
Akanipa yai.
Nikaligusa chini, ng'ombe akatoka.
Yai la pili, ng'ombe wa pili.
Bibi angecheka mpaka ashike mlango,
halafu angeuliza kwa ukali nani atawachunga.
Mlango. Nilikuwa nimesahau mlango.

Betri ilipobaki asilimia nne
Nyemo akauliza, nirudishe hali ya kawaida?
Nyumba haitaondoka, ila usiku utaingia
na njaa itaanza kuuma.
Nikamwambia rudisha.
Tukaingia ndani, tukafunga.
Jua la pembe nne likazama,
nje kitu kikaparuza ukuta kwa kucha,
na simu ikazima.

Jumatatu nilikuwa Mtumba, upepo wa Julai unatupa vumbi machoni.
Nikanyanyua tofali la inchi sita,
nikatazama kulia, nikatazama kushoto,
nikaliachia hewani.
Lilivunjika vipande vitatu.
Msimamizi akaandika kwenye daftari lake:
Masinjila, tofali moja, akatwe.
Sikubisha.
Nikashusha timazi.
Ikavutwa chini, kama kawaida.