Majina Usiguse

Meneja ameniachia karatasi saba na chai iliyopoa.
"Maelekezo haya ni ya kampuni ile ya zamani," kasema,
"wakiyakuta kwetu neno kwa neno, ni kesi.
Geuza maneno, Aikande. Maana ibaki.
Majina usiguse."

Chini, Barabara ya Mawenzi,
mtu anapanga ndoo za plastiki kwa rangi,
anazipangua, anazipanga tena.
Nami naanza.

Hakikisha, naandika thibitisha.
Kaza, naandika bana.
Maganda, naandika makapi,
kisha nayafuta, maana makapi ni ya mpunga,
hupeperuka; buni ina maganda,
yenye utelezi, yanayonuka siku ya tatu.
Yabaki maganda.
Brandhof Namba Nne inabaki Brandhof Namba Nne,
imekaa katikati ya sentensi
kama mgeni aliyekataa kuvua koti.

Hatua ya nne: Subiri mota ipoe.
Ngoja, nasema. Ngoja mota ipoe.
Lakini ngoja ni sauti ya mama yangu
mlangoni, sufuria mkononi, mimi nishatoka mbio.
Subiri ina benchi ndani yake,
ina dirisha la dawa na kadi ya hospitali.
Mashine ya kumenya kahawa inastahili ipi?
Naandika ngoja. Mama angecheka.

Hatua ya sita: Zima umeme kabla ya kuingiza mkono.
Hapa natoa kalamu mdomoni.
Kata umeme?
Kata na mkono, mstari mmoja?
Siwezi.
Zima ndilo neno: linazima mota,
linamwacha mtu mzima, vidole vitano kwa vitano.
Wakinishtaki kwa neno hilo moja, nitakwenda.

Hatua ya tisa haikupigwa chapa.
Kuna aliyeiandika kwa mkono, ikatolewa nakala,
nakala ikatolewa nakala,
hata herufi zimenenepa kama maharage yaliyolowekwa:
*Mkanda ukiendelea kuteleza,
mwite Aminieli Tesha, Uru Kishumundu.*
Na namba ya simu.

Aminieli tulimzika Machi.
Nilikaa nyuma kabisa, karibu na zizi,
tope la kihamba limemeza kisigino cha kiatu changu,
na mzungumzaji akamwita marehemu, akamwita mpendwa wetu,
akamwita mwenzetu, visawe vyote hivyo,
na hakuna kilichogeuza kichwa.

Natafuta cha kwangu. Fundi. Mtaalamu.
Mwite mhusika.
Nani ataitika?
Naifungua kamusi kwenye A, kwa ujinga tu.
Kuna amini, kuna aminika.
Hayumo.

Napiga ile namba ili nipate sababu ya kuifuta.
Inaita. Inaita.
"Haloo."
"Naomba Aminieli Tesha," nasema kwa mazoea ya ofisi,
na papo hapo naona haya.
"Ndiye mimi," sauti ya mtoto, haijavunjika bado.
"Au unamtaka babu?"

Upande wake jogoo anawika saa isiyo yake.
Nasema, ni habari ya mkanda.
"Unateleza?"
"Unateleza."
"Legeza nati mbili za nyuma. Vuta mota kwako,
kidole kimoja tu, usizidishe.
Halafu washa, sikiliza. Ukilia, umezidisha.
Rudisha kidogo."
Kisha, "Dada, nakata, sijapeleka majani kwa mbuzi."

*Ukilia.*
Kampuni ile iliandika: mkanda ukitoa mlio usio wa kawaida.
Nachora mstari juu yake
na kuandika alivyosema.

Meneja atauliza namna gani kazi ya mistari tisa
imekula asubuhi nzima.
Nitampa karatasi. Asome mwenyewe hatua ya mwisho,
maneno nimeyageuza kama alivyotaka:

*Mkanda ukizidi kuponyoka,
mwite Aminieli Tesha, Uru Kishumundu.
Apigiwe baada ya saa tisa,
akishatoka shule.*