Mchoro wa Mia Mbili na Kumi

Saa nane za usiku, mtaa wa Nerima,
ghorofa ya tatu, juu ya duka la kufulia nguo,
Chizuru ananoa penseli.

Mbele yake uwanja wa duara, mfano wa bakuli la chuma,
na ndani ya bakuli pia mbili.
Nyeusi ni ya bingwa, Genjuro,
nzito, ina meno matatu,
haijalala ubavu tangu kipindi cha kwanza.
Ya pili ndogo, rangi ya chungwa,
imegandishwa kwa gundi mara mbili,
mali ya Rikuto, miaka kumi na mmoja,
plasta juu ya pua.

Rikuto hajui.
Anavuta uzi, analiita jina la pia yake,
Kimulimuli! Kimulimuli!
kwa sauti ya mtu anayemwita mbwa wake mvuani.
Hajui kwamba katika ubao wa hadithi, ukurasa wa arobaini,
mwongozaji ameshaandika kwa wino mwekundu:
anashindwa.

Chizuru anajua. Ndiye aliyepewa kazi ya kumwangusha.
Michoro mia mbili na kumi,
sekunde kumi na saba na nusu:
huo ndio umri wote wa pambano.
Yeye amekaa nalo siku kumi na tisa,
anakula tambi za kikombe,
viatu amevivua chini ya meza.

Kila asubuhi bahasha hurudi
kutoka meza ya mwisho, dirishani,
anakoketi Usami, miaka thelathini na minne kazini.
Usami hasemi.
Huweka karatasi ya manjano juu ya mchoro wako
akapitisha mstari mmoja tu,
na ukiuona mstari ule
unatamani kuificha mikono yako mfukoni.

Jana za manjano zilikuwa arobaini.
Kiwiko. Kiwiko. Kivuli.
Kiwiko tena.
Na pembeni mwa uso wa Rikuto, maandishi madogo:
*Mtoto huyu anajua atashindwa.
Nani kamwambia?*

Alisoma mara tatu.
Akaona aibu, kama aliyeshikwa akinong'ona mtihanini.

Basi usiku huu anafuta macho.
Anayafuta hadi karatasi inaota manyoya.
Anachora mengine, ya mtoto
ambaye kesho bado hajaletewa.

Kisha anatoa pia ya mbao kwenye droo,
anaizungusha juu ya meza, kati ya makombo ya kifutio.
Kwanza imetulia, wazi kama maji kisimani,
huwezi kuapa kwamba inazunguka.
Halafu inalegea. Halafu, tazama:
inapokaribia kuanguka ndipo duara lake linapopanuka,
inafagia meza nzima,
inagusa mahali ambapo ilipokuwa na nguvu
haikuwahi kufika.
Tak. Imelala.
Anaizungusha tena.
Anaizungusha mpaka treni ya kwanza inapita chini
na kikombe kinatetemeka.

Ndivyo anavyomwangusha Kimulimuli:
kwa upana.
Na katika mchoro wa mwisho, wa mia mbili na kumi,
chungwa iko chini, uzi umelegea mkononi,
Chizuru anafanya jambo ambalo hakuna aliyemtuma.
Anaiinamisha ile nyeusi.
Nyuzi mbili, si zaidi.
Haimo kwenye ubao wa hadithi.
Bingwa anayumba. Bingwa pia.

Anafunga bahasha, anaiweka meza ya dirishani,
analala sakafuni, koti usoni.

Saa tano bahasha imerudi.
Za manjano kumi na moja. Kiwiko, bila shaka.
Anafunua haraka, vidole vina baridi,
hadi ya mwisho.

Karatasi ya manjano ipo.
Haina mstari.
Anainyanyua kwenye mwanga wa dirisha,
anaona, juu kabisa ya pia ile nyeusi iliyoinama,
kitobo kidogo:
hapo ncha ya penseli ilisimama,
ikasimama sana,
ikaondoka.