Droo ya Tisa

Nyaboke ananipa brashi ya manyoya laini.
Polepole, anasema, huyu hana haraka tena.
Nje mvua ya Aprili inapiga bati za Makumbusho,
magari yamekwama mteremkoni, yanalia.

Ni mjusi, kwa kukisia dhiraa moja,
kalala ndani ya jiwe la Mariakani
tangu kabla ya ndege, kabla ya ua la kwanza.
Mbavu kama meno ya chanuo.
Mkia upo, pingili kwa pingili, nimezihesabu mara mbili.
Kichwa hakipo.

Juzi mtoto wa shule, soksi zimemshuka, aliuliza:
"Sasa anajuaje kwamba amekufa?"
Mwalimu akamkata jicho. Mimi sikucheka.

Stima imepotea. Nawasha tochi ya simu,
na ukutani, juu ya rejista, mjusi kafiri:
mkia wake kamwachia paka wa mlinzi,
kigutu kinachipua upya, cheusi, kifupi.

Huyu alitoa mkia, akabaki na kichwa.
Yule alishika mkia.

Nyaboke anasukuma droo. Kesho saa mbili, anasema.
Nalamba mdomo bila kufikiri;
vumbi lake
lina chumvi.