Herufi ya Moto

Kwenye fomu ya kifo mtendaji wa kijiji aliuliza: kazi ya marehemu?
Binamu akajibu, mkulima. Ndivyo tunavyojaza wote.
Mimi nilikuwa nimeinama, nafunga viatu. Sikusema kitu.

Lakini babu hakulima. Mahindi yalikuwa ya bibi,
na viazi, na ulezi wa pombe.
Yeye, Venansi Kihwele, alichunga, miaka hamsini na mmoja,
ranchi ileile, kilima kilekile juu ya Mafinga,
chini ya mabwana watatu waliopokezana lango
kama watu wanavyopokezana koti la mtumba.

Wa kwanza alikuwa mzungu mwenye mbwa wawili na goti bovu.
Chapa yake ilikuwa H.
Babu hakujua kusoma; aliijua H kama ngazi.
"Ngazi ya kipago kimoja," alisema, "haimpandishi mtu popote."
Siku ndama mwekundu alipopiga teke
chuma kilimrukia mkononi. H ikabaki pale, imelala ubavu,
na kila mvua ya Machi ilipomlowesha
ikang'aa kuliko mkono wote.

Wa pili lilikuwa Shirika. Shirika halina goti.
Lilikuja na Landrova, josho la saruji,
karani mwenye kalamu tatu mfukoni
na chapa ya namba. Mwaka ule ng'ombe walihesabiwa mara nne,
na kila hesabu ikatoa jibu lake.
Aliyeijua ya kweli hakuulizwa:
alikuwa langoni, akiwaita mmoja mmoja wakiingia,
Semeni, Chaurembo, Pembe-Moja,
Yule-Aliyemkataa-Fahali.
Mishahara ilikawia miezi saba. Ndama hawakukawia.
Akawazalisha usiku, mkono ndani mpaka begani,
chemli ikining'inia kwenye msumari.

Wa tatu simjui vizuri. Mwekezaji. Alikuja mara mbili
na miwani ya jua, ndani ya ukungu.
Chuma kikaachwa; ng'ombe wakatogwa masikio,
hereni za plastiki, za njano, kama wasichana wa harusini.
Babu akapewa buti mpya za mpira, na barua.
Nilimsomea. Akasema nisome tena, taratibu,
kisha akauliza: ni wapi wameandika ng'ombe?
Hawakuandika.

Nikiwa darasa la nne nilileta kitabu cha hadithi
chenye wachungaji wa Amerika: kofia pana, farasi, bastola, jua likizama.
Akakipitia ukurasa kwa ukurasa, kama anayekagua kwato.
"Huyu," akasema, "buti zake hazina mavi."
Akanirudishia.

Siku aliyostaafishwa alirudi na chapa mbili
ndani ya gunia la pumba. Hakuna aliyezidai.
Ya Shirika ikawa komeo la banda la kuku.
Ya ngazi ikakaa jikoni kwa bibi, ya kuchokolea makaa.

Juzi, matanga yalipokwisha, Juni hii
ya umande kuganda juu ya kabichi,
watu wameondoka na masufuria yao,
nilikaa naye jikoni. Hatukuzungumza.
Akatoka kuwafungia mbuzi, akakisahau chuma motoni
nacho kikaiva: ngazi ya kipago kimoja,
nyekundu, kisha rangi ya chungwa,
ikingoja ngozi.

Aliporudi akakichovya ndooni.
Kikaguna kama ng'ombe aliyeamshwa kabla ya wakati.
Bibi alingoja mvuke upungue.
"Ungemwambia yule mtendaji," akasema.
Nikamjibu kwamba fomu imeshagongwa muhuri.