Paneli ya Mitumba

Imeletwa kwa toroli, imefungwa blanketi
kama mgonjwa anayepandishwa Bugando.
Nikaivua, nikaipangusa kwa tambara:
wati mia mbili hamsini, kioo kizima,
pembeni ukungu wa kijani wa nchi za mvua,
na nambari saba kwa wino mzito,
mwandiko wa mtu nisiyemjua.

Banda langu liko Kirumba, karibu na Mwaloni,
ambako hata risiti hunuka dagaa.
Jina langu Limi. Kwa Kisukuma, jua.
Wateja hudhani nimelibuni kwa ajili ya biashara.

Nikampigia Lugembe, mdogo wangu,
mwaka wa nne huu anapanda mapaa ya Ulaya.
"Nimeipima saa sita, volti thelathini na sita.
Mzima wa afya. Mbona mmeitupa?"

Akacheka kicheko chake kipya, chenye mafua.
"Haina kosa, dada. Imepitwa tu.
Paa ni dogo, fundi ni ghali,
wanatoa nzima waweke yenye nguvu zaidi.
Na hiyo mpya nayo, mchana wa Juni,
tunaambiwa tuizime."

Muizime?

"Waya zimejaa. Jua likiwaka
kila paa linamwaga umeme saa ileile,
bei inashuka hadi chini ya sifuri,
mtu analipa ili umeme wake uchukuliwe,
kama unavyomlipa kijana akakumwagie taka.
Halafu Desemba, saa kumi jioni, giza.
Wote wanautaka. Jua limeshakwenda."

Akanisimulia shamba la paneli lililokamilika,
mwaka wa tatu lina kufuli getini,
linangoja zamu ya kuunganishwa;
na kijiji kilichokwenda mahakamani
kwa kuwa paneli zingeharibu sura ya kilima.
Nikamwambia: sisi jiwe letu la ziwani
tunaliita Bismarck mpaka leo,
na hakuna aliyeshitaki.

Nilikuwa nacheka bado
nilipomgeukia Bi Nyanjige kwenye benchi.
Ametoka Ukerewe na meli ya asubuhi,
kisanduku cha taa mapajani, amekikumbatia.
Hakutuma elfu kumi na nane kwa simu;
kampuni ikamzimia kutoka mbali,
kama mtu anavyofumba jicho.
"Jua lilichomoza, mwanangu, nililiona.
Paneli ilikuwa ya moto. Niliigusa."

Penye miti hapana wajenzi, tulifundishwa.
Lakini kule wajenzi wapo na miti ipo,
mlango ndio mwembamba.
Na huku mlango upo, ufunguo
uko kwenye ofisi ambayo sijawahi kuiona.

Kufuli ya watu sivunji. Nina leseni, nina watoto.
Nikasema, basi chukua hii ya mitumba,
utanilipa mihogo, utanilipa kidogokidogo.
Akaitazama, akauliza swali
ambalo Lugembe na mabosi zake bado wanaulizana:
"Na usiku?"

Betri. Betri ni bei ya paneli mara mbili.
Jua ninalo la kumpa. Usiku sina.

Nikageuka kutazama rafu.
Kumi na moja, zimejipanga, zimeshiba chaji:
betri za wavuvi wa dagaa.
Ni mbalamwezi, hawaendi majini,
dagaa hawaifuati taa mbingu ikiwa nyeupe.
Nikampigia Magesa, nikamweleza haraka
kabla salio halijakata.
Kimya. Nyuma yake mtu anacheza bao.
"Mpe," akasema. "Lakini giza likirudi, irudi."

Saa nane tukaipandisha melini,
paneli ndani ya blanketi lake lilelile,
betri ndani ya beseni, chini ya kanga.
Mpakizi akataka nauli ya mzigo wa pili.
Tukagombana, nikalipa nusu.

Siku tisa za mwanga, kwa hesabu yangu.
Ya kumi sijui.
Nimeandika nambari ya Magesa ukutani kwa chaki
na chini yake nimechora mwezi,
ili nisisahau unavyopungua.