Daftari la Mwendelezo

Kazi yangu, Eskild, ilikuwa kukumbuka.
Mkono upi ulishika sigara, maziwa yaliishia wapi kwenye glasi,
kola imelala au imesimama,
mlango umeachwa wazi kiasi cha kupita paka
au kiasi cha kupita mtu.
Miaka thelathini na mmoja nimeandika kwa penseli
ili dunia uliyoikata vipande vipande
ionekane haijawahi kuguswa na makasi.

Filamu ya kwanza tuliirekodi Nakskov, msimu wa viazisukari,
mji mzima ukinuka utamu uliovunda.
Tulikuwa watu tisa na gari la kuazima la muuza samaki.
Ulimsimamisha baba yako mbele ya mizani ya kiwanda
ukamwambia asifanye kitu.
Hakufanya kitu kwa dakika nne.
Mara moja tu alikohoa.
Nikaandika: onyesho la 12, kofia mkono wa kushoto.
Dakika hizo nne ndizo zilizokukatia tiketi ya ndege.

Los Angeles tulikuta watu mia mbili na kumi,
mmoja wao kazi yake kumwagilia barabara usiku
ili lami ing'ae kama imenyeshewa.
Watayarishaji wanne, wote wakicheka kabla hujamaliza sentensi.
Uliomba kimya cha dakika nne. Wakakupa sekunde sita,
na fidla juu yake.
Daraja la mbao lililipuliwa mara tatu mbele ya kamera tano
nami kila mara niliandika moshi umeelekea wapi,
kana kwamba kuna mtu angeuliza.

Huko ndiko nilikofungua kurasa za nyuma, ambazo hukuziona.
Kwa mwandishi wa kwanza, baba yako alikuwa mvuvi aliyezama.
Kwa wa pili, mlinzi wa mnara wa taa.
Kwa wa tatu, umeketi kwenye sofa nyeupe, hukumjua kabisa.
Mimi nilimjua. Valdemar, mpima viazi,
alinipa kahawa katika kikombe kilichovunjika mkono
akaniuliza kama hii kazi yenu ina pensheni.
Kosa la mwendelezo, niliandika: baba habaki yule yule.
Sikukuambia. Ulikuwa ndiyo kwanza umetia meno mapya.

Kisha Budapest, iliyojifanya Paris;
Vancouver, iliyojifanya popote;
na jangwa moja la Hispania ambako ngamia aliugua
na bima ikamlipia ngamia kabla ya kutulipa sisi.
Uliongoza kwa Kiingereza, ulitukana kwa Kidenishi,
na usingizini, ndani ya basi, ulihesabu kwa lahaja ya Lolland
ambayo hata Copenhagen huichekea kiganjani.

Mcheza kwao hutunzwa, ndivyo isemwavyo.
Uliporudi, gazeti lilikutunza mistari sita,
mmoja ukiwa umekosea jina lako.
Fedha zilitosha nusu ya filamu.
Nusu ya pili tuliikopa kwa dada yako Sigrun, mwenye duka la baiskeli,
aliyedai risiti hata ya msumari.

Asubuhi ya mwisho, ukungu.
Feri haikuvuka, na mwigizaji alikuwa ng'ambo.
Jua la Novemba, ulisema, halimngoji mtu.
Ukavua koti, ukasimama mwenyewe mbele ya mizani ile
na hukufanya kitu.
Dakika moja. Tatu. Kamera inazunguka, hakuna anayethubutu kupumua.
Ndipo ukakohoa.
Haikuwa kwenye muswada. Haikuwa sauti yako.

Onyesho la nyuma yake, kofia ilikuwa mkono wa kulia;
wewe uliishika kwa kushoto.
Wote waliligundua, wote wakanigeukia mimi na penseli yangu.
Nikaandika: hakuna kosa.

Halafu feri ikafika, na mwigizaji, akikimbia,
akiomba radhi kwa kila mtu.